Ng'ombe Kwanza: Paka wa Kitale na Bungoma Kati ya Maduka Mawili ya Dawa

Mwenye paka mzee huko Kitale au Bungoma, akitaka kumpunguzia mnyama wake maumivu ya viungo na pia kumwondolea woga unaomfanya ajifiche chini ya kitanda mchana kutwa, ana maduka mawili ya kuendea. Kwenye agroveti atakuta dawa zilizopimwa kwa uzito wa ng'ombe. Kwenye kemisti atakuta vidonge vilivyotengenezewa binadamu. Duka la kwanza halijui kilichouzwa na la pili, na hakuna kati yao lililowahi kumpima paka. Mnyama akifa, lawama humwangukia mwenye paka kwa ujinga au muuzaji kwa tamaa. Lawama hizo zinapotosha. Hatari ya kumchanganyia paka dawa katika sehemu hii ya Kenya imejengwa kwa zaidi ya miaka mia moja, na ilijengwa na watu waliokuwa wakifanya kazi yao vizuri. Walikuwa wakimtibu ng'ombe.

Reli ilipofika Kitale mwaka 1926, Trans Nzoia ilikuwa imekwisha kukatwa mashamba makubwa ya masetla, baadhi yao wakiwa wanajeshi waliogawiwa ardhi baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Mahindi ndiyo yaliyowapa fedha, lakini ng'ombe wa gredi ndiye aliyewanyima usingizi. Ng'ombe aliyeletwa kutoka Ulaya hakuwa na kinga dhidi ya ndigana kali, ugonjwa unaoenezwa na kupe wa masikioni, na mpaka miaka ya 1980 hapakuwa na dawa ya kuutibu ya kutegemewa. Njia pekee ilikuwa kumuua kupe kabla hajamwambukiza ng'ombe, yaani josho. Maabara ya mifugo ya Kabete, iliyoanza kazi mwaka 1910, ilitumia miaka yake mingi kwenye maradhi ya mifugo yenye thamani sokoni: ng'ombe, kondoo, nguruwe. Huko ndiko mtafiti R. E. Montgomery alikoueleza ulimwengu, mwaka 1921, homa ya nguruwe ya Afrika. Josho lenyewe lilikuwa na historia yake ya kemikali. Kwanza ilikuja aseniki, sumu tupu iliyochanganywa na maji. Kupe walipoizoea ikaja toksafini baada ya Vita Kuu ya Pili, kisha katika miaka ya 1970 dawa za jamii ya oganofosfeti, na baadaye amitrazi na zile za jamii ya pirethroidi. Kila mara swali lilikuwa lilelile: je, inamuua kupe bila kumuua ng'ombe? Hakuna aliyekuwa na sababu ya kuuliza inamfanya nini paka anayelala kwenye gunia karibu na bomba la kunyunyizia.

Upande wa Bungoma, ambao wakati huo ulikuwa ndani ya wilaya ya North Kavirondo, sheria hizohizo zilionekana kwa sura nyingine. Karantini ziliwekwa ili ng'ombe wa Waafrika wasivuke na kupe wao kuingia kwenye mashamba ya wazungu. Sheria ya mwaka 1937 kuhusu maskwota ilizipa halmashauri za masetla mamlaka ya kupunguza mifugo ya wafanyakazi walioishi mashambani, na katika Trans Nzoia wengi wa wafanyakazi hao walikuwa Wabukusu. Kwa mfugaji wa Kimilili au Chwele, daktari wa mifugo wa serikali alikuwa kwanza askari wa mipaka, kisha tabibu. Hali ilianza kubadilika baada ya Mpango wa Swynnerton wa mwaka 1954, uliomruhusu mkulima Mwafrika kufuga ng'ombe wa gredi na kulima mazao ya biashara. Josho likahamia kwenye vijiji. Kwa hiyo pande zote mbili, kwa mwenye ekari elfu na kwa mwenye ekari tatu, tiba ya mnyama ilipokelewa ikiwa ni kitu kimoja: kumtunza ng'ombe asiuawe na kupe.

Paka alikuwepo muda huo wote. Alikuwa na kazi, na kazi yake ilizidi kuwa kubwa kadiri mahindi yalivyozidi. Kampuni ya Kenya Seed ilianzishwa Kitale mwaka 1956, na mwaka 1964 ikatoka mbegu chotara ya H611, iliyotokana na utafiti wa hapohapo Kitale. Mavuno ya mkulima mdogo yalipopanda, ghala lake nalo lilijaa, na panya hawakuhitaji mwaliko. Paka mmoja hodari alilinda chakula cha familia kwa gharama ya matone ya maziwa na nafasi karibu na jiko. Hata hivyo hakuwa na bei sokoni, hakulipiwa chochote, na hakuwa na kadi ya aina yoyote. Serikali ilimkumbuka, pamoja na mbwa, kichaa cha mbwa kilipozuka, na hapo hakuwa mgonjwa wa kutibiwa, alikuwa tishio la kuondolewa. Nalitaja jambo hili bila uchungu. Taifa changa lenye madaktari wachache wa mifugo lilikuwa na haki ya kumtanguliza mnyama anayelipa karo za shule.

Uhuru haukuubadili mpangilio huo, uliupanua tu. Chuo kilichokuja kuwa Chuo Kikuu cha Nairobi kilikuwa kimeanza kufundisha udaktari wa mifugo Kabete mwaka 1962, baada ya mafunzo hayo kuhamishwa kutoka Makerere. Wahitimu waliajiriwa na serikali moja kwa moja na kutumwa wilayani, na wasaidizi wao wakatoka vyuo vya mafunzo ya afya ya mifugo, AHITI. Huduma ilikuwa ya bei nafuu mno, mara nyingine bure. Kisha ikaja Hati ya Bunge Namba 1 ya mwaka 1986, iliyotangaza kwamba uchumi utafunguliwa na wananchi watachangia gharama. Mwishoni mwa miaka ya 1980 ajira ya moja kwa moja kwa madaktari wa mifugo ilisimamishwa, na miaka michache baadaye majosho yakakabidhiwa kamati za wananchi. Mengi yalikauka. Mkulima akanunua bomba lake la mgongoni na kuanza kunyunyiza mwenyewe nyumbani, na dawa akaifuata mjini. Ndipo agroveti ilipochanua, kutoka Kitale hadi Kiminini, kutoka Webuye hadi Kimilili: duka dogo lenye mbegu upande mmoja, dawa za minyoo na za kupe upande wa pili, na nyuma ya kaunta kijana aliyesomea wanyama lakini hakupata mshahara wa serikali. Watu wengi huliona duka hilo kama dalili ya kuporomoka kwa huduma. Mimi naliona pia kama ukombozi wa aina yake, kwa sababu lilifika mahali ambapo gari la serikali lilikuwa limeacha kufika. Lakini kilichohamia dukani ni maarifa yaleyale ya josho. Rafu ilirithi maswali ya zamani.

Upande wa pili wa barabara, kemisti alikuwa na historia yake tofauti. Sheria ya Famasia na Sumu ilianza kutumika mwaka 1957 na kumweka mfamasia chini ya bodi yake, kwa ajili ya wagonjwa wanaozungumza. Kwa miongo mingi dawa za mifugo zilining'inia kati ya bodi hiyo na idara ya mifugo. Sheria ya mwaka 2011 kuhusu madaktari wa mifugo na wasaidizi wao, pamoja na kanuni zake za mwaka 2015, ndizo zilizounda kurugenzi maalumu ya dawa za mifugo, jambo lililozusha mvutano kuhusu nani mwenye mamlaka juu ya rafu ipi. Mvutano huo ulikuwa na maana yake, lakini kwa paka ulithibitisha ukuta uliokuwepo. Dawa za maumivu na za woga ambazo paka anaweza kupewa zimegawanywa pande zote mbili za ukuta huo, na hakuna cheti cha daktari kinachovuka nazo.

Sasa tuone kwa nini ukuta huo ni hatari zaidi kwa paka kuliko kwa mbwa au mbuzi. Ini la paka lina upungufu wa kimeng'enya ambacho wanyama wengi hutumia kuzifunga dawa fulani na kuzitoa mwilini. Parasetamoli ndiyo mfano mbaya kuliko yote. Kidonge kimoja cha miligramu 500, ambacho mtu mzima humeza bila kufikiri, kinatosha kumuua paka wa kilo nne: damu yake hugeuka rangi ya kahawia, haiwezi tena kubeba oksijeni, uso huvimba, na asipofikishwa kwa daktari mapema hafiki mbali. Aspirini humkaa mwilini kwa muda mrefu ajabu, kiasi kwamba nusu yake bado imo baada ya saa arobaini hivi, kwa hiyo anayempa kila asubuhi anarundika sumu juu ya sumu. Diazepamu, ambayo wengi huijua kwa jina la Valium, inaonekana kuwa jibu rahisi kwa paka mwoga, lakini mwaka 1996 madaktari wa Marekani waliripoti paka walioharibika ini baada ya kuinywa kwa siku chache. Hizo ni dawa moja moja, kabla hatujafika kwenye kuchanganya.

Upande wa agroveti tatizo ni kipimo. Meloksikamu ni dawa nzuri ya viungo, na Ulaya iliiruhusu kwa matumizi ya muda mrefu kwa paka kwa kipimo kidogo sana: miligramu 0.05 kwa kila kilo kwa siku. Marekani ilichukua msimamo mwingine, na mwaka 2010 ikaamuru onyo kali liandikwe kwenye dawa hiyo kwamba kumrudishia paka kipimo kunaweza kuua figo zake na kumuua mwenyewe. Wataalamu wenye maabara na vipimo vya damu hawakukubaliana, basi tusimshangae muuzaji wa Kiminini. Chupa inayopatikana kwa ajili ya ng'ombe huwa na miligramu 20 katika kila mililita, wakati dawa ya maji iliyotengenezewa paka ina nusu miligramu tu. Tofauti ni mara arobaini. Paka wa kilo nne anahitaji miligramu 0.2 kwa siku, yaani sehemu moja ya mia ya mililita kutoka chupa ya ng'ombe, na hakuna bomba la sindano la kawaida linaloweza kupima tone hilo kwa uhakika. Mtu anaweza kuwa mwangalifu, mwenye kusoma maelekezo, mwenye kumpenda mnyama wake, na bado akamuua kwa sababu kipimo sahihi hakipimiki.

Ukichanganya, historia hizo mbili hukutana tumboni mwa mnyama mmoja. Mwenye paka akipewa meloksikamu kwenye agroveti, kisha akaongezewa deksamethasoni, dawa ya kawaida sana kwenye rafu za mifugo, tumbo linaweza kutoboka vidonda na figo zikaelemewa, maana dawa za kundi la meloksikamu hazipaswi kukutana na steroidi. Akienda kemisti na kupata fluoksetini kwa ajili ya woga, kapsuli ni ya miligramu 20 ilhali paka wa kilo nne anahitaji mbili hadi nne. Fluoksetini pamoja na tramadoli, dawa ya maumivu, huweza kurundika serotonini mwilini mpaka mnyama anatetemeka, joto linapanda na moyo unakwenda mbio. Fluoksetini pia hudhoofisha kuganda kwa damu, na kwa hiyo huzidisha hatari pale tumbo linapokuwa limeshachokozwa na dawa ya viungo. Kila muuzaji, kwa upande wake, anaweza kuwa amefanya lililo sawa.

Halafu kuna josho. Amitrazi, ile dawa ya kupe ambayo mkulima sasa huinyunyiza mwenyewe nyuma ya nyumba, haimuui kupe tu. Katika mwili wa mnyama huzuia kimeng'enya kinachovunja serotonini na kemikali nyingine za ubongo, na pia hufanya kazi kama dawa ya usingizi inayopunguza mapigo ya moyo. Haifai kwa paka hata kidogo. Na paka aliye kwenye fluoksetini, akilala juu ya ndama aliyetoka kunyunyizwa na kisha akajilamba manyoya, amechanganyiwa dawa bila mtu yeyote kumwandikia. Kuacha fluoksetini siku hiyo hakusaidii haraka, kwani mabaki yake hukaa mwilini kwa wiki kadhaa. Pirethroidi nazo zina mlango wao: pemethrini inayomwagwa mgongoni mwa mbwa bila madhara humtia paka degedege. Vitabu vingi vya tiba ya paka vilivyoandikwa kwa ajili ya watu wa mijini huko ng'ambo vinaorodhesha dawa zinazogombana, lakini paka wanaofikiriwa humo huishi kwenye nyumba zisizo na ng'ombe. Huku kwetu dawa ya tatu kwenye mchanganyiko ipo hewani kila wiki, siku ya kunyunyiza.

Kuna watakaosema haya ni anasa. Mkulima anayehangaika na bei ya mbolea na mahindi yaliyooza shambani atapata wapi muda wa woga wa paka? Nakubali kwamba ng'ombe atatangulia, na si kosa atangulie. Lakini paka huyo analinda gunia ambalo bei yake inajulikana, na akizeeka viungo vikakakamaa, panya ndio wa kwanza kugundua. Zaidi ya hayo, ukuta kati ya maduka mawili haumuumizi paka peke yake. Ni ukuta uleule unaofanya dawa ya kuua vijidudu ya ng'ombe imezwe na mtu, na dawa ya mtu ipewe kuku. Paka anatuonyesha tu tatizo hilo upesi zaidi, kwa sababu mwili wake hausamehe.

Wengine husema paka hana woga unaohitaji kutibiwa, kwamba hayo ni mambo ya wazungu wanaowavalisha wanyama sweta. Pingamizi hili lina chembe ya busara, ingawa kwa sababu tofauti na inayotolewa. Mwaka 2002 watafiti wa Marekani walichunguza picha za eksirei za paka 100 waliopita umri wa miaka 12 na wakakuta viungo vilivyochakaa kwa 90 kati yao. Paka huficha maumivu. Haruki tena juu ya ghala, anakojoa nje ya mahali pake, anakwaruza mtoto anayemshika kiunoni, anajificha. Na watu husema amekuwa mwoga au mkali. Mara nyingi kinachoitwa woga ni maumivu yaliyokosa jina. Kwa hiyo ushauri wa kwanza wa kuchanganya dawa kwa usalama ni kutochanganya kabla ya kutibu maumivu na kungoja uone kama woga unabaki. Ikihitajika zaidi, kuna gabapentini, ambayo madaktari wa paka huitumia kwa maumivu na kwa hofu pia, hivyo dawa moja hufanya kazi ya mbili. Ila hutoka mwilini kupitia figo, na paka mzee mwenye figo dhaifu hupunguziwa kipimo.

Pingamizi zito kuliko hayo ni kwamba sheria ipo tayari. Tangu mwaka 2013 huduma za mifugo ziko mikononi mwa kaunti, wasaidizi wa madaktari wana leseni, dawa zinasajiliwa. Kilichobaki ni utekelezaji. Ningekubali kama tatizo lingekuwa duka lisilo na leseni. Lakini tumeona kwamba maduka mawili yenye leseni, kila moja likifuata sheria yake, yanaweza kumtengenezea paka mmoja kifo. Ukaguzi humtazama muuzaji, hautazami mgonjwa. Na kumtuma mwenye paka Eldoret au Nairobi, kwenye kliniki za wanyama wadogo, ni jibu kwa wachache wenye nauli na siku ya kupoteza, ingawa simu kwa daktari wa huko kabla ya kununua chochote ni nafuu kuliko inavyodhaniwa.

Njia iliyo karibu zaidi tayari inajulikana na kila mama aliyewahi kupeleka mtoto zahanati ya kijijini: daftari la mazoezi, lile la kurasa 32, linaloandikwa ugonjwa na dawa kila mara na kubebwa popote. Ng'ombe wa gredi mara nyingi ana kumbukumbu zake za kupandishwa na kuchanjwa. Daftari la paka lingekuwa na uzito wake uliopimwa kwa mizani ya dukani, jina na nguvu ya kila dawa iliyonunuliwa pande zote mbili za barabara, siku aliyokataa kula au aliyotapika, na safu moja ambayo hakuna fomu ya ng'ambo inayoifikiria: tarehe ambayo ng'ombe walinyunyizwa, na jina la dawa iliyokuwa kwenye bomba.